Ni Mvuke Tu, Babu

Jumatatu, 3 Februari

Kwa mke wangu mdogo, daktari mtarajiwa,

Salamu nakupa kiasi tu, nyingine nawawekea wateja maana wao wanalipa. Mimi sijambo. Magoti ndiyo yamegoma, lakini hayo hayakuwahi kuwa na adabu. Mama yako, Jemadari, anagomba kama kawaida, kwa hiyo usiwe na wasiwasi juu ya afya yake.

Naandika barua kwa sababu simu yangu imekufa maji. Niliitia kwenye mfuko wa shati, nikainama juu ya beseni la wanga, ikaruka yenyewe kama chura. Mama yako anasema nimefanya makusudi. Sikubali wala sikatai.

Sasa sikiliza. Likizo ilipokwisha uliniachia koti lako jeupe la chuo, ukasema, "Babu, lifue kwa huruma." Nimelifua. Lakini unajua utaratibu wa duka hili la dobi: kabla nguo haijaona maji, mfuko unaona vidole vyangu. Humo nimekuta kidude. Urefu wake kama kidole cha shahada, rangi ya waridi, kina mdomo kama filimbi, na ukikibonyeza kinawasha taa ya buluu kana kwamba kinakuuliza shida yako nini. Kinanuka embe. Nilidhani kalamu, nikajaribu kukuandikia nacho, hakiandiki. Nikadhani filimbi, nikapuliza, hakilii. Fundi viatu wa jirani akaapa kwamba ni kile kitu cha kuhifadhia muziki, tukakitafutia tundu kwenye redio mpaka redio yenyewe ikazimika.

Tena si chako peke yako. Zamani mifukoni nilikuwa nakuta leso, tiketi, na barua za mapenzi za watu wenye ndoa zao. Siku hizi kaptula za wanafunzi, suruali za watu wa benki, hata joho la mwanakwaya, humo vimo vidude hivi, rangi zote kama peremende. Nguo zinanuka nanaa, stroberi, tikitimaji. Unapiga pasi kola ya mhasibu unaanza kusikia njaa.

Ni kitu gani? Nijibu upesi, kabla sijakitia kwenye maji ya moto nione kama kinaiva.

Mumeo mwaminifu,
Babu Pasi


Jumapili, 9 Februari

Mume wangu mzee,

Shikamoo. Jamani, usikichemshe!

Hicho ni kifaa cha mvuke tu, Babu. Ni mvuke. Mtu anavuta kidogo, kifua kinafunguka, basi. Ni kama kujifukiza, ila badala ya sufuria na shuka kichwani unakibeba mfukoni. Huku chuoni tunavyo wengi. Mimi nilikuwa na mafua yale ya likizo, unakumbuka nilivyokuwa nakohoa.

Niwekee mahali pakavu mpaka nije. Ila usimwonyeshe mama. Unamjua. Atasema nina pumu, atapanda basi la asubuhi aje na blanketi mbele ya wenzangu.

Tunapelekwa mazoezi ya tiba kwenye zahanati za mbali, kwa hiyo nikichelewa kukujibu usininunie. Nisalimie fundi viatu, mwambie redio haina makosa.

Mkeo,
Bi Mdogo


Ijumaa, 21 Februari

Bi Mdogo wangu,

Mvuke! Si ungesema mapema!

Mtoto, mimi na mvuke tumetoka mbali. Mvuke umenilea, umemlea mama yako, na sasa unakulipia ada ya kujifunza kuwachoma watu sindano. Hakuna mkunjo duniani usionyooka kwa mvuke, isipokuwa uso wa Jemadari. Kwa hiyo nilipoona neno lako nikasema, kama ni mvuke, huu ni wa ukoo wangu, siwezi kuuogopa. Kifua changu nacho kilikuwa kinapiga miluzi tangu mvua zilipoanza. Nikakivuta.

Mwanzo nilikohoa hadi meno ya bandia yakataka kuhama. Baadaye, aisee! Kichwa chepesi, macho yamefunguka, mashati yakawa yananyooka yenyewe. Nikamwita fundi viatu.

"Humo mna nini?" akauliza.

"Mvuke."

"Mvuke wa nini?"

"Wa chuo. Wewe utaujulia wapi?"

Akavuta kwa nguvu kama anavuta uzi wa kushonea soli, akakohoa mpaka akajiangushia nyundo mguuni. "Babu Pasi, hii inaunguza koo!"

"Dawa gani umewahi kuiona tamu?"

Kesho yake karudi mwenyewe, ati koo limezoea.

Niliogopa kwamba kitaisha, lakini riziki ina miguu. Mwalimu mkuu wa ile shule ya ng'ambo ya barabara alisahau chake kwenye koti. Akaja, akatazama kushoto na kulia kama mwizi wa kuku. "Mzee, kile kidude kipo? Nilimnyang'anya mwanafunzi."

Nikampa. Wiki iliyofuata, koti jingine, kidude kingine, ladha nyingine. Nikamwambia, "Mwalimu, wanafunzi wako wanalipenda sana koti lako." Akatoka jasho. Nikamwonea huruma, nikamtolea changu. "Usiogope, hata mimi natumia. Ni kwa ajili ya kifua."

"Hata mimi!" akadakia haraka. "Kwa ajili ya kifua." Akanionyesha kinavyochajiwa na duka la vifaa vya simu wanakouza vichupa vya kujazia. Vimepangwa pale mbele pamoja na biskuti.

Sasa nakivuta kabla ya chai, baada ya chai, na kila nikimaliza shati. Nikikikosa nakuwa mkali kidogo. Juzi nimemfukuza mteja kwa sababu amesema asante kwa sauti. Usingizi umenihama na moyo unapiga mbio kama wa kijana anayesubiri mchumba. Naona ujana unarudi. Bibi yako angekuwapo angefunga mlango.

Ukweli ni kwamba nimekukumbuka kwa wema. Unajua niliacha sigara wewe ulipozaliwa. Mama yako alinisimamia mlangoni akasema, chagua, sigara au mjukuu. Nikakutazama, umekunjamana kama shati la mlevi, nikasita kidogo, lakini nikakuchagua wewe. Leo umenilipa kwa mvuke.

Mume wako anayerudia ujana,
Babu Pasi


Jumatano, 12 Machi

Bi Mdogo,

Kimya chako kimekuwa kirefu, nami leo sina mzaha mwingi. Utaniwia radhi.

Wiki iliyopita nilikuwa napiga pasi suruali ya hakimu. Ghafla dari likashuka, sakafu ikapanda, vikakutana machoni kwangu. Nilipozinduka, niko chini, mama yako ananipepea na gazeti, na suruali ya hakimu ina tundu la umbo la pasi pale anapokalia kutoa hukumu.

Wakanipeleka kwa daktari, kijana mwenye miwani. Kanipima presha, akaguna. Kasikiliza moyo, akaguna tena. Nikamwambia, "Daktari, kama unataka kukohoa kohoa tu." Hakucheka.

"Mzee, unavuta sigara?"

"Niliacha mjukuu wangu alipozaliwa."

"Kuna kingine chochote unachovuta?"

"Mvuke tu."

"Kila siku?"

"Kutwa nzima. Nikiukosa kichwa kinauma."

"Kazi yako ni nini?"

"Dobi."

Akaweka kalamu chini kama aliyepata jibu la fumbo. Na mama yako pale pembeni akaitikia kwa kichwa: "Ndiyo, daktari, anashinda ndani ya mvuke. Namwambia kila siku, hasikii."

Basi nikahukumiwa. Niache udobi. Si kupunguza, niache. Daktari anasema umri huu, mapigo haya, presha hii, na joto lile, nikirudi kwenye mvuke nitadondoka na sitaamka. Mama yako alifunga duka siku ile ile. Ufunguo ameuning'iniza shingoni kama medali. Mwisho wa mwezi anakuja mtu kununua boila la mvuke na meza za pasi.

Nilimuuliza, "Na mimi nitafanya nini?"

Akasema, "Utapumzika, Baba."

Mtu akipumzika sana watu wanamfukia. Mimi shule niliiacha kabla haijaniacha, sina pensheni ya akili. Ninachojua ni pasi. Nimekaa hapa kitandani na mkono wangu wa kulia haujui uwekwe wapi. Jana nimejikuta nanyoosha mto kwa kiganja, natafuta kola ambayo haipo. Mama yako akaniona, akageuka ukutani. Anafikiri sikumwona.

Kilichonibakia ni kidude chako. Daktari alikataza mvuke wa dukani, huu wa chuo hakuutaja, nami sikumchokonoa. Nakivuta chini ya shuka, Jemadari akienda sokoni. Lakini kuna jambo linanishangaza, labda wewe msomi utanieleza. Nimeachishwa pasi, sijaona boila tangu siku ile, na moyo bado unakimbia.

Babu yako


Jumapili, 16 Machi

Babu yangu,

Kitupe. Usimalize hata mstari huu, kitupe kwanza ndipo urudi usome.

Shikamoo. Nimesahau hata adabu. Nimerudi leo kutoka zahanati ya mbali, nikakuta barua zako mbili zimelala kitandani. Nimezisoma nimesimama, begi bado liko begani. Barua hii itachelewa kufika, kwa hiyo kabla ya kushika kalamu nimempigia mama. Kufikia unaposoma hapa atakuwa ameshaingia chumbani kwako. Nisamehe kwa atakayokufanyia.

Nilikudanganya. Kile si mvuke, Babu. Mvuke wa pasi yako ni maji. Kile ni sigara ya umeme. Ndani mna majimaji mazito yaliyotiwa nikotini, ile ile iliyokuwa kwenye sigara zako, na manukato, na kemikali nyingine, na kuna waya unaoyachemsha mpaka yatoe ule ukungu. Nikotini ndiyo inayoukimbiza moyo wako na kupandisha presha. Ndiyo inayokunyima usingizi, ndiyo iliyomfukuza yule mteja aliyekushukuru. Na ukiizoea, ukiikosa, kichwa kinauma ili uirudie. Kwa kijana ni mbaya, inamshika mapema na kumng'ang'ania. Kwa mtu wa umri wako ni kumchapa punda mgonjwa akiwa mlimani. Haya yote nayajua. Nimeyaandika kwenye mtihani, nikapata alama nzuri, nikatoka nje nikavuta.

"Ni mvuke tu." Hivyo ndivyo tunavyosema wote huku bwenini. Tumeambiana mpaka tumeamini. Nilipokuandikia neno lile sikufikiria kabisa kwamba naliandika kwa dobi.

Pasi haina kosa lolote. Boila halina kosa. Nimemweleza mama kila kitu ili akamwambie daktari kabla yule mnunuzi hajafika. Duka lako lisiuzwe kwa ajili ya uongo wangu.

Mama alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza. Kisha akakata simu.

Mjukuu wako, sistahili jina lingine leo


Jumanne, 18 Machi

Mwanangu,

Nakuandikia kwa sababu nikikupigia nitapayuka, na kuta za hapa ni nyembamba.

Kidude nimekitoa chini ya godoro. Baba alinishika mkono kama mtoto anayenyang'anywa pipi, mpaka nilipomsomea mimi mwenyewe neno nikotini lililoandikwa ubavuni kwa maandishi ya sisimizi. Hapo akaachia.

Leo tumerudi kwa daktari. Nimemweleza. Sijawahi kuona aibu kama ile, mimi niliyekuwa naitikia kwa kichwa.

Anatazamwa. Mnunuzi nimemwambia asubiri.

Mimi na wewe tutaongea. Si leo.

Mama yako


Jumanne, 25 Machi

Kwa mwongo wangu kipenzi,

Nilikaa nikajiuliza, nifurahi kwanza au nikuchape kwanza? Fimbo iko mbali na kalamu iko karibu, basi nimefurahi.

Ungekuwapo kwa daktari ungekufa kwa kicheko, halafu mama yako angekufufua ili akuue.

"Mzee," daktari kaanza, "kwa nini hukuniambia unavuta sigara ya umeme?"

"Uliniuliza sigara. Ya umeme hukuitaja."

"Nilikuuliza kama kuna kingine!"

"Nikakujibu, mvuke."

"Nilidhani mvuke wa pasi!"

"Na mimi nilidhani mvuke wa chuo!"

"Na mimi," akasema mama yako, "nilidhani nina baba mwenye akili."

Kijana wa watu akavua miwani, akacheka mpaka nesi akachungulia mlangoni. Kisha akaivaa tena, akawa daktari. Kanilaza, kanibandika vijiwaya kifuani kama redio ya fundi viatu, moyo ukachora milima kwenye karatasi. Akapiga picha ya kifua. Mapafu yana makovu ya sigara zangu za zamani, kasema, lakini yanapumua na hayana kitu kipya cha kutisha. Moyo ndio hajauamini. Huenda ulikuwa unakimbizwa na nikotini tu, na ukiachwa utatulia. Au una ugonjwa wake wenyewe, na hapo udobi ndio basi, hata mvuke uwe wa maji ya baraka. Nikae bila kidude, nirudi apime tena.

Kwa hiyo ufunguo bado uko shingoni kwa Jemadari, nami nangoja kama mshtakiwa aliye nje kwa dhamana. Lakini nakwambia kweli, hii ni afadhali kubwa. Kwanza nilikuwa nimehukumiwa. Sasa nina rufaa.

Kukiacha si mchezo. Siku za mwanzo nimemtukana msoma habari redioni, nimegombana na kijiko, nimemwambia mama yako chai yake ina ladha ya soksi. Akaniwekea nyingine. Fundi viatu naye kaja kunipa pole, mfuko wa aproni umetuna. Kumbe amejinunulia chake! Jemadari akanyoosha kiganja. Mtu mzima na ndevu zake akakitoa, akashukuru, akarudi kwenye viatu vyake ameinama.

Sasa mimi na wewe. Umenidanganya, na imeniuma, sitakuficha. Nilikuwa najisifu kwa watu kwamba mjukuu wangu kaniletea dawa. Lakini kumpigia Jemadari kwa mdomo wako mwenyewe, ukijua yatakayokupata? Mimi nimekaa naye miaka yote hii na sijawahi kuthubutu. Kwa hilo nimekusamehe mpaka chenji.

Mama yako hakutaji. Nikikutaja mimi, anaanza kufuta meza ambayo imeshafutwa.

Hujaniambia jambo moja. Wewe umekiacha?

Babu Pasi, aliye nje kwa dhamana


Jumanne, 1 Aprili

Babu wa dhamana,

Shikamoo. Barua yako niliisomea bafuni ili nilie bila kuulizwa maswali, kisha pale pa "mpaka chenji" nikacheka, mwenzangu wa chumbani akagonga mlango akidhani nimechanganyikiwa.

Umeniuliza, na safari hii nakujibu kweli. Siku niliyompigia mama simu nilikuwa na kingine kipya, cha nanaa. Nilikitupa chooni nikajiona shujaa. Kesho yake kabla ya kipindi nikakimbilia dukani kununua kingine, huku naiambia miguu yangu simama na haisimami. Hapo ndipo nilipoogopa. Si daktari, si mama, nilijiogopa mimi mwenyewe.

Nilianza kwa kuonjeshwa tu, Babu. Mwenzangu alisema hebu sikia hii, ina ladha ya embe. Ikawa ya Jumamosi. Ikawa ya baada ya mtihani. Ikawa ya kabla ya mtihani. Kisha nikawa naamka nakitafuta kwa mkono hata sijafumbua macho. Nusu ya bweni tuko hivyo, na sisi ndio tutakaovaa makoti meupe tuwaambie watu waache kuvuta.

Nilikwenda kwa mlezi wa wanafunzi. Nilikuwa nimejiandaa kufukuzwa, hata nguo nimezikunja. Akanitazama akasema, "Kaa chini, wewe si wa kwanza wiki hii." Kuna kliniki ya kuwasaidia watu kuacha, kumbe iko nyuma ya maktaba na mimi nilikuwa napita pale kila siku. Nahudhuria. Kuna siku naona kila mtu ana sura ya kupigwa kofi. Kuna siku nzuri. Kikohozi cha asubuhi, kile nilichokuita mafua, kimeondoka. Jana nimepanda ngazi mpaka juu kabisa huku nabishana na mwenzangu, na ubishi nikaumaliza mimi kwa sababu yeye pumzi ilimwishia. Nimemwambia kesho twende wote kliniki. Kanitukana, lakini kaniuliza wanafungua saa ngapi.

Nakuogopea huo moyo. Kila nikifikiria duka limefungwa, mkono wako unanyoosha mto, natamani kulia tena. Wakisema hapana, sijui nitakuangalia vipi.

Likizo inaanza Jumamosi ya tarehe kumi na mbili. Wenzangu wote wanaondoka. Mimi sijui nije au nibaki huku. Mama hajanipigia hata mara moja, nami kila nikishika simu naiweka chini. Nikibaki, mtanielewa?

Mjukuu wako


Jumatano, 9 Aprili

Mke wangu mdogo,

Barua hii nampa utingo wa basi mkononi ili ikufikie upesi. Kaa chini. Au simama, wewe si una pumzi sasa.

Jana tumerudi kwa daktari. Mama yako alivaa kama anakwenda kusikiliza kesi. Njia nzima alinishika kiwiko, na mimi nikajifanya magoti ni mabovu zaidi ili asiachie.

Nikabandikwa vijiwaya. Nikalala. Nakwambia, katika maisha yangu nimewahi kuogopa mambo machache: bibi yako akinyamaza, kodi ya pango, na ile karatasi ikitoka kwenye mashine. Daktari akaishika. Akaitazama. Akaitazama tena, akaenda nayo dirishani.

"Kijana," nikamwambia, "kama nimekufa niambie, nina haki ya kujua."

"Mapigo yametulia, mzee," kasema. "Presha imeshuka. Ilikuwa ni kile kidude. Rudi kazini, fungua madirisha, kaa kila ukichoka, na mtu akikwambia ni mvuke tu, muulize mvuke wa nini."

Nikageuka kumtazama Jemadari. Kakaa kwenye kile kiti cha plastiki, ameshika pochi kwa mikono yote miwili, machozi yanamtoka na uso umenuna vile vile, kama mvua inayonyesha juani. Nikasema, "Mwanangu, unalia nini, sijafa." Akasema, "Ndiyo maana." Akavua ufunguo shingoni, akanitupia. Ukanigonga hapa hapa kifuani. Nikamuuliza daktari kama na hiyo ni sehemu ya vipimo.

Yule mnunuzi wa boila kaambiwa akanunue kwingine.

Leo nimefungua. Boila limekoroma, limetema maji machafu, limenilaumu kwa kulitelekeza, kisha likaachia. Nimesimama katikati ya mvuke ule usio na embe wala nanaa, unaonuka maji na pamba tu, miwani ikaingia ukungu, nikawa sioni kitu, na sikuwa na haraka ya kuona. Mkono wa kulia ukajua pa kwenda. Fundi viatu kaja kusimama mlangoni, akaniangalia weee, akasema, "Bila wewe mtaa huu ulikuwa umekunjamana." Maneno mazuri hayo, nikamwambia ayarudie, akakataa.

Mwalimu mkuu kaja kuchukua makoti yake yaliyofungiwa. Nikamuuliza, "Mwalimu, kifua chako kinaendeleaje?" Akatazama dari. Nikamsimulia yaliyonipata yote, na suruali ya hakimu nikamwonyesha. Aliondoka na makoti, akafika kwenye pipa la pale kona, akasimama muda mrefu amelipa mgongo duka langu. Sijui kama alitupa kitu au alikuwa anapumzika. Nitajua wiki ijayo, nikipekua mifuko.

Sasa hilo swali lako la kuja au kubaki. Mimi sikulijibu, maana nyumba hii si yangu, mimi ni mpangaji wa Jemadari. Nilimsomea barua yako. Pale pa ngazi alitikisa kichwa. Pale pa "sijui nije au nibaki" alichukua kitambaa, akaanza kufuta meza yangu ya pasi, ambayo ilikuwa ya moto, akajiunguza kidole, akanilaumu mimi. Akaondoka.

Nikadhani yameishia hapo. Nikashika shati la mtu. Punde akarudi, amebeba ile blauzi yake ya njano, ile asiyoivaa ila kwenye harusi za watu anaotaka kuwaringia. Akaiweka mezani mbele yangu.

Nikamuuliza, "Harusi ya nani?"

"Hakuna harusi."

"Sasa unakwenda wapi nayo?"

"Kituo cha basi. Jumamosi." Akaigeuza kola upande wenye mikunjo, akanionyesha kwa kidole chake kilichoungua. "Hapa. Nyoosha vizuri, Baba, na maneno machache."

Nikanyoosha.

Mumeo,
Babu Pasi